Matokeo Watu Wanayo Tayari: Ushauri kwa Anayetaka Kuandika Michezo

Kitabu cha michezo kilichonifunza kazi kuliko kingine chochote kinasimulia timu iliyoshinda mechi 38 na kupoteza 44. Ni Portland Trail Blazers ya NBA, ligi kuu ya mpira wa kikapu ya Marekani, msimu wa 1979-80, na aliyekiandika ni David Halberstam. Kinaitwa The Breaks of the Game, kilitoka mwaka 1981. Portland waliambulia nafasi ya kucheza mtoano, wakatolewa na Seattle raundi ya kwanza. Ukitafuta kombe humo hulipati. Lakini kila kijana anayenijia akitaka kuandika michezo kwa dhati, ndicho ninachomtuma akakisome kwanza. Hapa nataka kueleza sababu, na namna ya kukisoma mpaka kikufae kazini.

Mimi nimeandika zaidi soka la ligi, kwanza magazetini, baadaye redioni. Tangu simu za intaneti zienee, matokeo hayamsubiri mwandishi. Refa akipuliza kipyenga cha mwisho, shabiki aliyeko Bunda au Masasi ameshayajua, ameshaliona bao kwenye kundi la WhatsApp, na ameshabishana na shemeji yake kuhusu penalti. Asubuhi ukimletea aya sita za nani alifunga dakika ya ngapi, unampakulia wali alioula jana usiku. Wahariri bado wanaziagiza aya hizo, na ukiagizwa ziandike vizuri. Ila jiulize mapema: ukiondoa matokeo, wewe una nini ambacho shabiki hana?

Halberstam alikuwa na jibu, na alilipata mbali na viwanja. Alizaliwa New York mwaka 1934, akahitimu Harvard mwaka 1955. Mtu mwenye shahada ya pale angeweza kupiga hodi kwenye gazeti kubwa la mjini. Yeye alikwenda West Point, mji mdogo wa Mississippi, kwenye gazeti la kila siku lililokuwa dogo kuliko yote katika jimbo lile. Mwaka 1954 Mahakama Kuu ya Marekani ilikuwa imepiga marufuku ubaguzi wa rangi katika shule za serikali, naye alitaka kuwa mahali ambapo uamuzi huo ungewasha moto. Hakudumu hata mwaka mmoja pale. Akahamia Nashville, gazeti la Tennessean, akakaa miaka minne, na mwaka 1960 akawaripoti wanafunzi weusi waliokuwa wakiketi kwenye migahawa ya Wazungu na kukataa kuondoka. Ndipo New York Times ikamchukua. Mwaka 1961 ikampeleka Kongo, wakati jimbo la Katanga limejitenga na makao makuu ya jimbo hilo yakiwa Elisabethville, Lubumbashi ya leo. Mwaka 1962 ikampeleka Vietnam. Kule aliandika alichokiona vijijini na kwa maofisa wa ngazi za chini, si kile majenerali walichotangaza Saigon, mpaka Rais Kennedy mwenyewe akamtaka mchapishaji wa gazeti amhamishe. Mchapishaji akakataa. Mwaka 1964 Halberstam akapata Tuzo ya Pulitzer, tuzo kubwa ya uandishi wa habari ya Marekani, akiwa na miaka 30.

Nimeyaeleza haya kwa kirefu kwa sababu vijana wengi huniomba niwaunganishe na kituo kikubwa cha Dar es Salaam kabla hawajaandika hata habari moja ya timu ya wilaya yao. Ninawashauri vingine. Kama kuna redio ya jamii karibu na kwenu na inakuruhusu kuingia studio, ingia. Kama ligi ya mkoa inachezwa kwenye uwanja usio na uzio, nenda kila wiki. Huko hakuna msemaji wa klabu atakayekuzuia mlangoni. Utakaa na kocha kwenye benchi la mbao, utaona mchezaji akiazima viatu, utajua nani anachangia mafuta ya gari. Mwandishi aliyeanzia juu hayajui haya, na baadaye hana pa kuyajifunzia, kwa sababu akishakuwa na jina watu wanampangia cha kuona.

Kwa Halberstam, miezi ile ya Mississippi ililipa robo karne baadaye, na ililipa kwenye kitabu cha kikapu. Mwezi Februari 1980 Portland walimleta mchezaji kutoka ligi ya chini, timu ya Maine Lumberjacks. Aliitwa Billy Ray Bates. Alikuwa mweusi wa Kosciusko, Mississippi, mtoto wa familia iliyolima shamba la mwingine kwa kugawana mavuno. Alikuwa na mwili wa ajabu na mruko wa ajabu, na timu zilikuwa zimemkata. Alipoitwa, akalipuka: katika mechi 3 za mtoano dhidi ya Seattle alifunga wastani wa pointi 25. Mwandishi mwingine angeandika kuhusu mruko na zile pointi. Halberstam aliandika lile shamba. Aliandika shule za watu weusi wa Mississippi, na namna kijana anavyovushwa darasa baada ya darasa bila kufundishwa kwa sababu watu wazima wanataka acheze. Alijua pa kuuliza, kwa kuwa aliwahi kuishi kule akiwa kijana na daftari lake. Ukimsoma Bates, kisha ukumbuke gazeti lile dogo la West Point, utaelewa kwa nini sikuharakishi kuja mjini.

Sasa tazama alivyoichagua timu yenyewe. Mwaka 1977 Portland walikuwa mabingwa wa NBA. Bill Walton alikuwa katikati, Maurice Lucas akimlinda, Jack Ramsay akifundisha, na kikapu chao cha kupasiana bado kinasifiwa na wazee wa mchezo ule. Msimu uliofuata walishinda mechi 50 kati ya 60 za kwanza. Kisha mguu wa Walton ukaumia, ukafuata ugomvi mkubwa juu ya matibabu yake, na mwaka 1979 akahamia San Diego Clippers. Halberstam akaingia baada ya hapo, timu ikiwa na kumbukumbu ya ubingwa lakini haina tena watu wa kuurudisha. Huo ndio wakati mzuri wa kuandika timu yoyote. Timu inayoshinda kila mtu ana furaha, na mwenye furaha hukupa maneno mafupi: tunamshukuru Mungu, tumecheza kama timu, tunajiandaa na mechi ijayo. Timu inayobomoka watu wanaanza kueleza. Daktari anaeleza, mke wa mchezaji anaeleza, kocha anakaa na wewe mpaka usiku kwa sababu naye anataka kuelewa kilichotokea.

Ligi yenyewe nayo haikuwa hii unayoijua. Leo kijana wa Sinza au Kawangware anaamka saa kumi alfajiri kufuatilia fainali za NBA kwenye simu. Mwezi Mei 1980, mechi ya sita ya fainali, Magic Johnson akiwa mchezaji wa mwaka wa kwanza, umri miaka 20, alifunga pointi 42 na kuwapa Lakers ubingwa, na sehemu kubwa ya Marekani ilioneshwa mkanda uliorekodiwa, usiku wa manane, kwa sababu televisheni ya CBS haikutaka kuiweka mechi hiyo kwenye saa zake nzuri. Halberstam alilielewa hilo kwa kuwa alikuwa ametoka kuandika kitabu kizima kuhusu vyombo vya habari na nguvu zake. Kwa hiyo televisheni ikawa mhusika ndani ya kitabu cha kikapu: inaleta fedha, inapandisha mishahara, inaongeza timu, inachosha wachezaji, inabadili namna shabiki anavyomtazama mtu anayemshangilia.

Na hapo tunafika kwenye fedha, ambayo sisi waandishi wa michezo wa Kiswahili tunaiogopa mno. Mwaka 1976 wachezaji wa NBA walipata njia ya kuhama kwa uhuru zaidi baada ya kesi yenye jina la Oscar Robertson, na mwaka huohuo timu nne za ligi pinzani ya ABA zikaingia NBA. Bei za wachezaji zikapanda. Lucas alikuwa amefungwa na mkataba wa bei ya zamani. Akaona watu asiowahesabu kuwa wenzake wanalipwa kumpita, akataka mkataba ufunguliwe upya, uongozi haukumpa alichotaka, na mwezi Februari 1980 akapelekwa New Jersey Nets. Kitabu kinaonesha jinsi shilingi inavyoingia ndani ya mwili: mtu anayejiona amedhulumiwa anapochelewa kurudi kukaba, je, ni uchovu au ni hasira? Kocha hajui. Pengine mwenyewe hajui.

Kwetu mikataba ni siri, kwa hiyo kuna namna ya kuuliza. Usimwulize mchezaji analipwa ngapi. Atakudanganya au ataondoka. Muulize nyumba anayokaa inalipiwa na nani. Muulize mara ya mwisho alituma fedha nyumbani lini. Muulize wakala wake ni nani na walikutanaje. Mimi habari yangu ninayoipenda kuliko zote kuhusu timu iliyokuwa na madeni niliipata kwa mtunza vifaa wa klabu moja ya daraja la chini, Kanda ya Ziwa. Nilikaa naye akishona nyavu na kupanga jezi, sikuwa hata nimeuliza jambo la mishahara. Akaanza kunionesha viatu: huyu anavaa vya fulani, huyu alikuwa na jozi mbili ameuza moja, huyu mgeni ameacha kuleta vyake vishonwe kwa sababu anaona aibu kukopa tena. Nilikuwa nimehojiana na mwenyekiti wa klabu hiyo siku mbili kabla, akanihakikishia kila mtu amelipwa. Baada ya viatu vile nilijua niende kwa nani na niulize nini, na safari hii wachezaji walisema.

Mtunza vifaa, dereva wa basi, mpishi wa kambi, kipa wa tatu, kocha msaidizi aliyefukuzwa, mwalimu wa shule ya msingi. Hao ndio watu wako. Halberstam alihoji watu wengi kupita kiasi, na kila mmoja alimpeleka kwa mwingine. Mwishoni mwa kila mahojiano na wewe uliza: nani mwingine nimuone? Swali hilo peke yake limenipa nusu ya kazi zangu nzuri.

Kuna sura ya mtu mmoja katika kitabu kile ambayo nataka uisome polepole, mara mbili. Tarehe 9 Desemba 1977, Lakers wakicheza na Houston, ugomvi ulizuka uwanjani. Rudy Tomjanovich wa Houston akakimbia kwenda kuutuliza. Kermit Washington wa Lakers akasikia mtu anakuja nyuma yake, akageuka na kumpiga ngumi. Ngumi ile ilivunja mifupa ya uso wa Tomjanovich na kuhatarisha maisha yake. Msimu wake ukaishia pale. Washington alipigwa faini ya dola 10,000 na kufungiwa siku 60. Picha ya televisheni ilioneshwa na kurudiwa mpaka nchi nzima ikamjua kwa sekunde zile. Miaka miwili baadaye yuko Portland, na Halberstam yuko pale. Akamwandika mtu mzima: mtoto aliyekulia Washington, D.C. katika nyumba isiyo na upendo, kijana mwembamba ambaye hakuna aliyemtazamia chochote, mwanachuo wa American University aliyejijenga kwa mazoezi kuliko yeyote, mchezaji wa NBA aliyejinyenyekeza kwa mwalimu mzee Pete Newell ili afundishwe upya kusimama na kugeuka. Ngumi imo, na uso uliovunjika umo, hakuna kinachofunikwa. Ila ukimaliza huwezi tena kumuita kwa jina la kitendo chake.

Fikiri ni mara ngapi kwa mwezi tunaletewa kipande cha video cha sekunde kumi: mchezaji amempiga mwenzake, kocha amemtukana refa, shabiki ameingia uwanjani. Sisi tunakiandikia kichwa cha habari kikali tukingoja kingine. Ninachokuomba ni kwamba angalau mara moja, kipande kama hicho kikishasahaulika, mtafute yule mtu. Miezi sita baadaye ni wakati mzuri. Hatafutwi tena na yeyote, na ana mengi ya kusema.

Tukio lile la Washington na Tomjanovich lilikuja kuandikiwa kitabu kizima mwaka 2002, The Punch, na John Feinstein, ambaye ni lazima nimtaje kwa sababu njia yake ilikuwa tofauti. Feinstein alisoma Duke, akaingia Washington Post mwaka 1977, akaripoti habari za polisi na mahakama kabla michezo haijammeza. Msimu wa 1985-86 aliomba likizo, akahamia Bloomington, Indiana, akaishi na timu ya kikapu ya chuo kikuu cha hapo iliyofundishwa na Bob Knight. Alikuwa kwenye mazoezi, kwenye vikao, kwenye chumba cha kubadilishia nguo kocha akiwaka. Kitabu, A Season on the Brink, kilitoka mwaka 1986 na kikauzwa kwa wingi mno. Timu ya msimu ule wenyewe ilitolewa na Cleveland State mchezo wa kwanza wa mashindano ya taifa ya vyuo, na msimu uliofuata ndio ikachukua ubingwa. Tena timu iliyofungwa! Knight alikasirika kwa sababu matusi yake yaliachwa yalivyo, na wawili hao wakakosana kwa miaka. Feinstein aliendelea kuandika, zaidi ya vitabu 40, mpaka alipofariki Machi 2025.

Kinachonigusa katika kitabu hicho ni kwamba Feinstein aliruhusiwa kuingia kila mahali na bado aliandika alichokiona. Hapa kwetu wengi tunaingia ndani ya timu kwa nauli ya timu. Tunapanda basi lao, tunalala hoteli waliyolipa, tunapokea bahasha baada ya mkutano na waandishi, kisha tunashangaa kalamu ni nzito. Najua mishahara ya vyumba vyetu vya habari, na najua waandishi wanaolipwa kwa habari iliyochapwa tu, kwa hiyo simhukumu mtu mwenye watoto. Lakini ukitaka siku moja kuandika kitu kirefu kuhusu klabu, tafuta nauli yako mwenyewe kwa safari hizo, hata kama ni za karibu na chache. Andika klabu ya mji unaoishi ili usihitaji basi la mtu. Chagua timu ya wanawake au ya ngumi au ya netiboli, ambako hakuna bahasha ya kukupa, na milango iko wazi kwa sababu hawajawahi kutembelewa. Halberstam mwenyewe alifanya hivyo mwaka 1985 kwa The Amateurs, kuhusu wapiga makasia wanne wa Marekani waliogombea nafasi moja, ya mtumbwi wa mtu mmoja, katika Olimpiki ya Los Angeles ya 1984. Mchezo usio na fedha wala kamera. Akawauliza jambo moja tu kwa namna nyingi: kwa nini mnajitesa hivi? Majibu yao yanajaza kitabu.

Je, nyota akikataa kuzungumza? Hili naulizwa sana, kwa sababu siku hizi wachezaji wakubwa wana mameneja wanaotaka malipo kabla ya mahojiano. Halberstam alipoandika Playing for Keeps, kitabu cha 1999 kuhusu Michael Jordan na dunia iliyomtengeneza, Jordan hakukubali kuhojiwa kwa ajili ya kitabu hicho. Kikaandikwa hivyohivyo. Alikwenda kwa waliomfundisha na waliocheza naye, kwa watu wa Chuo Kikuu cha North Carolina, wa Nike, wa televisheni, wa Chicago Bulls. Kwa maoni yangu si kitabu chake bora. Kuna mahali unahisi kabisa kwamba sauti ya katikati haipo, na mwandishi anamsifu mtu ambaye hakuketi naye. Lakini kimejaa maarifa ambayo Jordan mwenyewe asingeyatoa, kwa sababu mtu hajui vizuri jinsi alivyotengenezwa. Anayejua ni aliyekuwa pembeni akitazama.

Sisi tuna wetu. Mwaka 2009 Hasheem Thabeet, kijana wa Dar es Salaam, alichaguliwa wa pili katika uteuzi wa wachezaji wapya wa NBA, na Memphis Grizzlies, akitanguliwa na Blake Griffin peke yake, mbele ya James Harden na Stephen Curry. Mtanzania wa kwanza kufika kule. Tulishangilia, kisha tukaanza kuhesabu dakika alizokaa benchi, kisha tukanyamaza. Mimi sijakiona kitabu cha Kiswahili kinachoeleza aliyempa mpira mara ya kwanza ni nani, viwanja gani vya Dar vilimkuza, alifikaje Chuo Kikuu cha Connecticut, na NBA inamfanya nini kijana mrefu wa miaka 22 aliyeanza kikapu akiwa tayari mkubwa. Watu wa kuulizwa wengi wako hapahapa mjini. Hakuna anayehitaji viza kuanza kazi hiyo.

Vilevile timu ya taifa iliyotupeleka Lagos kwenye Kombe la Mataifa ya Afrika mwaka 1980. Baadhi yao wametangulia mbele za haki, na waliobaki ni wazee. Nimewahi kukaa na wazee wa kizazi kile cha soka, na jambo moja nakuambia: usiende na orodha ya maswali ya mechi. Nenda na picha ya zamani ya gazeti, imeze kwa macho kwanza mpaka umjue kila aliyesimama na aliyechuchumaa, kisha umpe mzee aishike. Muulize habari za aliyesimama kando yake, usimuulize za kwake. Mzee wa heshima haanzi kujisifu mbele ya mgeni, lakini atamsifu mwenzake bila kuchoka, na akishamaliza kumsifu mwenzake umeshamjua yeye. Omba kurekodi, mwachie namba yako kwa mtoto wake au mjukuu, urudi. Kinachotoka siku ya pili ndicho kizuri, maana usiku amelala akikumbuka.

Halberstam aliifanya kazi hiyo ya wazee kwa upole mkubwa katika The Teammates, cha mwaka 2003. Ted Williams, mpiga besiboli mkubwa wa Boston Red Sox, alikuwa anakaribia kufa huko Florida. Mwezi Oktoba 2001 wenzake wawili wa zamani, Dominic DiMaggio na Johnny Pesky, wakiwa wazee wa zaidi ya miaka 80, waliingia kwenye gari Massachusetts wakasafiri kwenda kumuaga. Mwenzao wa nne, Bobby Doerr, alibaki Oregon akimuuguza mkewe. Safari ya gari na urafiki wa miaka 60, basi. Mwandishi aliweza kukiandika kwa sababu alikuwa amewajua watu hao tangu alipoandika Summer of '49, kitabu cha 1989 kuhusu Yankees na Red Sox walivyofukuzana mwaka 1949 hadi mechi mbili za mwisho wa msimu. Alidumisha uhusiano. Wewe pia usimfute mtu kwenye simu baada ya habari kutoka. Mpigie siku ya Idi, mpigie akifiwa.

Alikuwa bado anaifanya kazi hiyo kwa miguu yake siku aliyofariki. Tarehe 23 Aprili 2007, akiwa na miaka 73, gari alimokuwa lilipata ajali Menlo Park, California. Alikuwa njiani kwenda kumhoji Y.A. Tittle, mchezaji wa zamani wa mpira wa Kimarekani, kwa ajili ya kitabu kuhusu fainali ya 1958 kati ya Baltimore Colts na New York Giants. Angeweza kupiga simu. Lakini kwa simu huoni alichotundika mtu ukutani, wala huoni anavyonyanyuka kitini mtu ambaye magoti yake yaliachwa uwanjani.

Sasa namna ya kusoma. Mwandishi hasomi kama shabiki. Chukua sura moja ya The Breaks of the Game, kalamu ya risasi mkononi, na pembeni ya kila aya andika: hili aliambiwa na nani? Kocha? Mke? Alikuwepo mwenyewe? Amelitoa kwenye nyaraka za mahakama au gazeti la zamani? Ukimaliza sura, hesabu majina. Utashangaa aya tatu zinazoteleza kama maji zimekula mahojiano ya watu wanane. Zoezi hilo litakufundisha kuliko semina nyingi nilizohudhuria. Halafu fanya hivyohivyo kwa habari yako ya wiki iliyopita. Ukiona majina mawili tu pembeni, msemaji wa klabu na kocha, rudi uwanjani.

Usijaribu kuiga sentensi zake. Ni ndefu, zinajirudia, na Kiswahili kina mwendo wake. Masimulizi yetu hupenda mtu aseme mwenyewe, kwa hiyo mpe mhusika wako nafasi ya kuzungumza kwa lafudhi yake, Mhaya abaki Mhaya na mtu wa Pemba abaki mtu wa Pemba. Kinachochukuliwa kwa Halberstam ni subira na miguu.

Vitabu vyenyewe ni vya Kiingereza na sijawahi kukutana na tafsiri. Nakala yangu niliipata kwa wauza vitabu vya mitumba katikati ya jiji la Dar. Siku hizi wengi wanasoma kwenye simu. Kama kikapu unakijua, anza na The Breaks of the Game na usikatishwe tamaa na kurasa za mwanzo zenye majina mengi, zitajipanga zenyewe. Kama Kiingereza kinakusumbua, The Teammates ni kifupi na lugha yake ni nyepesi, na huhitaji kuijua besiboli ili uwaelewe wazee wale. October 1964, kuhusu Cardinals wa St. Louis waliowafunga Yankees mechi 4 kwa 3 katika fainali za besiboli za mwaka huo, kiache mpaka uwe umejifunza sheria za besiboli kidogo. Ndani yake kuna Bob Gibson, Lou Brock na Curt Flood, wachezaji weusi waliobeba timu ile wakati Yankees bado wanasuasua kuwasajili watu weusi. Flood ndiye aliyekuja kukataa kuhamishiwa klabu nyingine mwaka 1969, akaipeleka ligi mahakamani, na mwaka 1972 akashindwa kwenye Mahakama Kuu. Ukimsoma huyo, nenda kamtafute mchezaji wa ligi yetu ambaye usajili wake ulikwama kati ya klabu mbili, umuulize miezi ile aliishi kwa kula nini.